Kushinda Shauri Bila Kupata Cheo: Mipaka ya Adhabu ya Kudharau Amri katika Baraza la Utawala la India

Tumchukue mhandisi wa reli nchini India ambaye amerukwa mara mbili wenzake walipopandishwa cheo. Anafungua shauri, anasubiri miaka, anashinda. Uamuzi unasema kwamba kamati ya idara ikae upya na kumfikiria ndani ya miezi mitatu. Mwezi wa nne anapokea barua ya kurasa mbili inayosema kuwa kamati imekaa, imemfikiria, na imeona hafai. Anarudi barazani na ombi jipya, safari hii akitaka wakubwa wa idara waadhibiwe kwa kudharau amri, na ombi hilo linafungwa baada ya wakili wa serikali kuinua ile barua na kusema kwamba amri imetekelezwa. Mhandisi anatoka nje akiamini kuwa baraza limewaogopa wakubwa.

Mhandisi huyu ni wa kubuni, lakini yaliyompata si ya kubuni, na maelezo yake hayapatikani katika woga wa mtu yeyote. Yanapatikana katika tofauti kati ya mambo mawili ambayo mlalamikaji huyaona kuwa ni jambo moja: kupata haki yake, na kumwadhibu aliyekaidi amri. Nimeichagua India kwa sababu huko mashauri ya watumishi wa serikali yalitengewa baraza lake tangu mwaka 1985, na mgongano huu umejadiliwa na majaji wake mara nyingi kiasi kwamba mipaka yake inaonekana wazi. Msomaji wa Dodoma au Nairobi ataona sura anazozijua, kwa kuwa kosa la kudharau mahakama kote huko lilirithiwa kutoka sheria ya Kiingereza.

Baraza lenyewe ni Baraza la Utawala la Serikali Kuu, lililoundwa chini ya sheria ya mabaraza ya utawala ya mwaka 1985, ambayo nayo ilitokana na ibara ya 323A ya Katiba ya India. Makao yake ni New Delhi, na matawi yake yamesambaa katika miji mingine mikubwa. Kwa kawaida shauri husikilizwa na wajumbe wawili, mmoja mwanasheria na mwingine mtu aliyetoka katika utawala. Kifungu cha 17 cha sheria hiyo kinalipa baraza mamlaka yaleyale ya kuadhibu dharau ambayo Mahakama Kuu inayo, na kinaelekeza kwamba sheria ya kudharau mahakama ya mwaka 1971 isomwe kana kwamba baraza ni Mahakama Kuu.

Mamlaka hayo yaliwahi kuyumba. Mwaka 1997, katika shauri la L. Chandra Kumar, jopo la majaji saba wa Mahakama ya Juu liliamua kwamba maamuzi ya mabaraza haya lazima yaweze kupitiwa na Mahakama Kuu. Mahakama Kuu ya Andhra Pradesh ikaona hapo kwamba baraza lililo chini ya uangalizi wake haliwezi tena kushika fimbo ya kuadhibu dharau. Mahakama ya Juu ililikataa wazo hilo Desemba 2000 katika shauri la T. Sudhakar Prasad. Ibara ya 323A yenyewe, ilisema, imetaja waziwazi kwamba Bunge linaweza kuyapa mabaraza uwezo wa kuadhibu dharau, kwa hiyo kupitiwa na mahakama nyingine hakuuondoi uwezo huo. Hivyo hakuna shaka kwamba fimbo ipo. Kilichobaki ni kujua inafika wapi.

Kwa ukali wake, haifiki mbali. Adhabu ya juu chini ya kifungu cha 12 cha sheria ya mwaka 1971 ni kifungo cha miezi sita, au faini ya rupia 2,000, au vyote viwili, na anayeomba radhi kwa dhati anaweza kusamehewa. Katika dharau ya kimadai, yaani ile ya kukaidi amri, faini ndiyo inayotangulia, na kifungo huja pale tu mahakama inapoona kwamba faini haitoshi. Faini ya namna hiyo ni ndogo mno kumtisha katibu mkuu wa wizara. Kinachomtisha ni kuandikwa jina lake, kwa sababu ombi la dharau hufunguliwa dhidi ya mtu na halifunguliwi dhidi ya kiti. Shauri la awali huwa dhidi ya Serikali ya India kupitia katibu wa wizara fulani. Ombi la dharau humtaja katibu huyo kwa jina, na aking'atuka au kuhamishwa kabla ya kusikilizwa, suala la nani hasa alikaidi huanza upya.

Wanajeshi wana hali tofauti kidogo. Migogoro yao ya vyeo hupelekwa katika Baraza la Majeshi lililoundwa kwa sheria ya mwaka 2007, na kifungu cha dharau cha sheria hiyo hakikunakili maneno ya kifungu cha 17. Kinazungumzia lugha ya matusi au vitisho na kuvuruga shughuli za baraza, kwa adhabu inayoweza kufika miaka mitatu. Yaani sheria iliandikwa kwa maneno makali dhidi ya anayefoka mbele ya baraza, na kwa maneno machache mno kuhusu anayekaa kimya ofisini bila kutekeleza.

Turudi kwa mtumishi wa kiraia. Sheria ya mwaka 1971 inaieleza dharau ya kimadai kuwa ni kukaidi kwa makusudi hukumu, agizo au amri ya mahakama, na uzito wote umo katika maneno hayo mawili, "kwa makusudi". Kuchelewa kwa sababu faili limekwama wizara ya fedha, kuielewa amri vibaya kwa nia njema, kukosea hesabu ya malimbikizo ya mshahara, vyote vinaweza kumuumiza mtumishi bila kuwa dharau. Tena, shauri la dharau kisheria ni jambo kati ya baraza na anayetuhumiwa. Mtumishi aliyelifungua ni mtoa taarifa, wala si mdai anayekaribia kulipwa. Jambo hili ni gumu kumweleza mtu aliyelipa mawakili kwa miaka sita.

Utekelezaji una njia yake nyingine. Kifungu cha 27 cha sheria ya 1985 kinahusu utekelezaji wa maamuzi ya baraza, na kanuni ya 24 ya kanuni za utaratibu za mwaka 1987 inaliruhusu baraza kutoa maelekezo yanayohitajika ili amri yake itekelezwe. Njia hizi hazina mvuto wa kumsimamisha mkubwa kizimbani, na nadhani hiyo ni sababu mojawapo kwamba watu huzisahau. Lakini mtu anayetaka cheo, asiyetaka kisasi, angezisoma kwanza.

Sasa, kwa nini vyeo hasa ndivyo vinavyoleta mkanganyiko mkubwa kuliko, tuseme, pensheni au mshahara uliozuiliwa? Kwa sababu mshahara ni hesabu, ilhali cheo ni uamuzi. Mahakama ya Juu ya India imesema mara kwa mara, na kwa uzito wa pekee mwaka 1999 katika shauri la pili la Ajit Singh, kwamba chini ya ibara ya 16 mtumishi mwenye sifa ana haki ya msingi ya kufikiriwa kwa ajili ya kupandishwa cheo. Haki hiyo haivuki hapo: kufikiriwa ni haki, kupandishwa ni matokeo ya kufikiriwa. Kati ya hivyo viwili imekaa kamati ya idara ya kupandisha vyeo, yenye taarifa za utendaji za miaka iliyopita, orodha ya ukuu kazini ambayo watumishi wa Tanzania huiita tange, na idadi ya nafasi zilizo wazi kwenye ikama, yaani jumla ya nafasi za kazi zilizoidhinishwa. Baraza linaweza kuikosoa kamati hiyo kwa kutumia kigezo kisichoruhusiwa au kuacha kigezo kilicholazimishwa. Kwa kawaida haliwezi kuketi kwenye viti vyake na kutoa alama.

Kwa sababu hiyo mashauri ya namna hii huamuliwa zaidi na kitenzi kilichotumika kuliko na kurasa arobaini za hoja zilizokitangulia. "Apandishwe cheo kuanzia tarehe fulani, pamoja na malimbikizo" ni amri inayopimika: siku ikipita, ama barua imetoka ama haijatoka. "Kamati ikae upya na kumfikiria bila kuizingatia taarifa ya mwaka fulani" inapimika kwa sehemu, maana tunaweza kuuliza kama kamati ilikaa, na kama taarifa ile iliachwa kando. "Malalamiko yake yajibiwe kwa barua yenye sababu ndani ya miezi mitatu" humpa mtumishi barua, basi. Mahakama ya Juu ililalamikia aina hii ya tatu mwaka 2008 katika shauri la C. Jacob, ikionya kwamba amri za kuagiza malalamiko yajibiwe, zinazotolewa bila hata kutazama kama dai limepitwa na wakati, huwapa watu tumaini la kwamba dai lililokufa limefufuka. Hata hivyo amri hizo ni rahisi kutoa siku yenye mashauri mengi, na wakili huzikubali upesi kwa sababu mteja husikia tu kwamba "tumeshinda".

Mfano mzuri wa amri iliyoandikwa kwa uangalifu ni ule wa shauri la Dev Dutt la mwaka 2008. Mwombaji alikuwa mhandisi katika huduma ya uhandisi wa barabara za mipakani, akitafuta cheo cha mhandisi msimamizi. Kigezo kilikuwa awe na alama ya "vizuri sana" kwa miaka mitano ya mwisho. Mwaka mmoja, 1993 hadi 1994, aliandikiwa "vizuri" tu, na hakuna aliyemwambia. Neno hilo moja, ambalo kwa mtu wa nje lingesikika kama sifa, lilimzuia. Mahakama ya Juu ilisema kila alama lazima ijulishwe kwa mhusika, hata ile isiyokuwa mbaya, kwa kuwa ubaya wa alama hupimwa kwa athari yake.

Lakini tazama amri iliyofuata. Mahakama haikusema apandishwe cheo. Ilisema alama ile ajulishwe ndani ya miezi miwili. Akitaka, aipinge ndani ya miezi miwili mingine. Pingamizi liamuliwe ndani ya miezi miwili baada ya hapo. Alama ikipandishwa, kamati imfikirie kwa kurudi nyuma ndani ya miezi mitatu. Na akichaguliwa, kwa kuwa alikuwa ameshastaafu, alipwe pensheni ya juu na malimbikizo pamoja na riba ya asilimia 8 kwa mwaka. Amri hiyo ina ngazi tano, na tatu kati yake zimeanza na sharti la "kama". Idara ikikaa kimya miezi miwili bila kumjulisha alama, hiyo ni dharau inayothibitika kwa kalenda. Idara ikimjulisha, ikapokea pingamizi, ikaliamua kwa wakati, na ikaamua kuwa "vizuri" ibaki "vizuri", ngazi zilizobaki hazifikiwi na hakuna aliyedharau kitu, hata kama sisi sote tungeona kwamba alistahili zaidi.

Uamuzi unaotajwa zaidi katika eneo hili ni wa mwaka 1996, J.S. Parihar dhidi ya Ganpat Duggar, kutoka Rajasthan. Mgogoro ulikuwa wa orodha ya ukuu kazini. Serikali ilikuwa imeandaa orodha baada ya maelekezo ya mahakama, na walioona wameshushwa wakafungua ombi la dharau, ambamo jaji mmoja aliagiza orodha iandaliwe upya. Mahakama ya Juu ilikubaliana na jopo la rufaa kwamba jaji huyo alivuka mpaka. Serikali ikishatoa uamuzi kwa kufuata maelekezo, ilisema, uamuzi huo unazaa sababu mpya ya kushtaki. Unaweza kuwa sahihi, unaweza kuwa na makosa, unaweza hata usilingane kabisa na maelekezo, lakini kuukosoa ni kazi ya shauri jipya. Jaji wa dharau hawezi kugeuka jaji wa orodha.

Nakiri kwamba kanuni hii ina upande unaochukiza. Inampa mkuu wa idara mwenye hila njia nyepesi: andika barua ndefu, taja amri ya baraza katika aya ya kwanza, sema "baada ya kulifikiria suala hili kwa kina" katika ya pili, kataa katika ya tatu kwa sababu tofauti kidogo na ya mwanzo, halafu mwache mtumishi aanze upya. Kwa mtumishi wa miaka 57, shauri jipya maana yake ni kustaafu kabla ya jibu. Ila njia mbadala nayo ina hatari, hasa katika orodha za ukuu, ambako kumpandisha mmoja nafasi kumi ni kuwashusha wengine kumi ambao hawamo kabisa katika ombi la dharau na hawajasikilizwa. Katika shauri jipya wangeunganishwa na kujitetea. Katika shauri la dharau wangesoma matokeo kwenye ubao wa matangazo.

Wala kanuni ya Parihar haiifanyi kila barua kuwa kinga. Mwaka 2006, katika shauri la shirika la mabasi la Andhra Pradesh dhidi ya G. Srinivas Reddy, Mahakama ya Juu ilitenganisha aina za agizo la "kufikiria". Kuna agizo linalotolewa baada ya mahakama kuchunguza haki za pande zote, kutengua uamuzi wa zamani na kuirudishia mamlaka suala hilo iliamue kulingana na yale ambayo mahakama imeshayapambanua. Na kuna agizo linalorudisha malalamiko tu, pasipo mahakama kugusa kiini. Kwa aina ya kwanza, mamlaka inafungwa na hoja zilizokwisha kuamuliwa. Kwa maoni yangu hapa ndipo ombi la dharau linapata nguvu yake halisi katika mashauri ya vyeo: baraza likishasema kwamba taarifa ya mwaka fulani haiwezi kutumika, kisha barua ya pili ikamkataa mtumishi kwa taarifa ileile, huo si uamuzi mpya wenye kosa, bali ni uamuzi wa zamani uliovishwa tarehe mpya. Wakili mzuri huziweka barua mbili hizo mezani sambamba, sentensi kwa sentensi, wala hapotezi muda kueleza jinsi mteja wake alivyo hodari.

Mpaka mwingine unahusu ikama. Februari 2014, katika shauri la Sudhir Vasudeva lililohusu shirika la umma la mafuta na gesi la ONGC, Mahakama ya Juu ilitazama hatua ya Mahakama Kuu ya Madras, ambayo wakati wa kusikiliza ombi la dharau lililoletwa na waendesha redio wa vyombo vya baharini iliagiza shirika liunde nafasi za ziada nje ya ikama ili waombaji wapate pa kukaa. Agizo hilo halikuwamo katika amri ya awali. Mahakama ya Juu ililitengua, ikieleza kwamba anayesikiliza dharau hawezi kutoka nje ya pembe nne za amri inayodaiwa kukiukwa, hawezi kuongeza kitu kwa kusema kuwa kilikuwa kimekusudiwa, na hawezi kugusa suala ambalo halikuamuliwa. Shauri hilo lilitoka Mahakama Kuu, si barazani, lakini kwa kuwa kifungu cha 17 kinalipa baraza uwezo uleule wa Mahakama Kuu, baraza haliwezi kudai uwanja mpana kuliko ule.

Na amri yenyewe isipoeleweka? Mwaka 2004, katika Prithawi Nath Ram dhidi ya Jimbo la Jharkhand, Mahakama ya Juu ilisema kwamba mwenye mashaka arudi kwa aliyeitoa kuomba ufafanuzi, na kwamba hata anayeiona amri kuwa na makosa hana ruhusa ya kuikaidi wakati bado ipo. Hilo linaibana idara pia. Kukata rufaa peke yake hakusimamishi utekelezaji, ingawa Mahakama ya Juu imewahi kuelekeza kwamba ombi la kusimamisha utekelezaji likiwa linasubiri, ni vyema lisikilizwe kabla ya kumwadhibu mtu.

Upande wa kuwaita wakubwa mahakamani umebanwa hivi karibuni. Tarehe 3 Januari 2024, Mahakama ya Juu ilitengua amri za Mahakama Kuu ya Allahabad zilizowafikisha maofisa waandamizi wa Uttar Pradesh mikononi mwa polisi, na ikaweka utaratibu wa kufuatwa: ofisa asiitwe ana kwa ana pale hati ya kiapo inapotosha, fursa ya kwanza iwe kwa njia ya video, na uangalifu uongezwe katika mashauri ya dharau. Wapo watakaosema kwamba hapo mahakama imejivua silaha yake pekee, kwa kuwa nakala ya wito ndiyo iliyokuwa ikifanya faili lililolala miezi minane litembee kwa siku tatu. Nami naona hoja yao ina ukweli. Hata hivyo faili linalotembea kwa hofu hutoa barua ya haraka, na tumeshaona barua ya haraka inavyokuwa.

Baada ya uamuzi wa dharau, njia za rufaa hazilingani. Aliyeadhibiwa ana haki ya rufaa chini ya kifungu cha 19 cha sheria ya 1971, na kwa baraza la utawala rufaa hiyo huenda moja kwa moja Mahakama ya Juu. Mtumishi ambaye ombi lake la dharau limekataliwa hana rufaa hiyo kabisa. Uamuzi wa mwaka 2006 katika shauri la benki ya ushirika ya Midnapore uliliweka hili bayana: kifungu cha 19 kinamhusu aliyeadhibiwa tu, na iwapo msikilizaji wa dharau ameingia katika kiini cha mgogoro, sehemu hiyo hupingwa kwa njia nyingine.

Ndiyo maana kalenda ina uzito kwa mhandisi wetu aliyeshika barua ya kurasa mbili. Kifungu cha 20 cha sheria ya dharau kinampa mwaka mmoja tangu siku ya ukaidi anaoudai. Kifungu cha 21 cha sheria ya mabaraza nacho kinampa mwaka mmoja tangu siku ya uamuzi wa mwisho anaotaka kuupinga, na barua ile ni uamuzi wa namna hiyo. Saa zote mbili zinatembea pamoja, na kufungua ombi la dharau hakuisimamishi ile ya pili. Akiutumia mwaka wote kumfuatilia katibu mkuu na ombi likafungwa mwezi wa kumi na tatu kwa maneno kwamba anayo sababu mpya ya kushtaki, itambidi aombe kwanza kusamehewa ucheleweshaji, kwa sababu atakazolazimika kuzithibitisha, kabla hata ya kuanza kuzungumzia cheo.